Nimewalipia mashoga safari ya bibi harusi, sasa kudai imekuwa kosa

Mama Wawili: Habari zenu. Naomba ushauri kabla sijakosana kabisa na watu niliosoma nao. Mwenzetu anaolewa, tukamwandalia safari ya Nungwi, Zanzibar, wanane pamoja naye, tukalala siku tatu. Boti ya kuvuka kila mtu alijikatia. Mengine nililipa mimi kwa sababu mwenye nyumba alitaka hela yote mapema. Nyumba 420,000 kwa siku, gari la kutupokea bandarini na kuturudisha 240,000, boti ya kwenda kisiwa cha Mnemba 360,000, keki na chakula cha usiku wa kwanza 240,000. Jumla 2,100,000. Bibi harusi halipi, tukabaki saba, kila mmoja 300,000. Niliandika hivyo kwenye grupu, wote wakaweka dole gumba.

Watatu wamelipa, Mungu awabariki. Mmoja katuma 262,500, anasema yeye kagawanya kwa wanane. Mmoja hakuja, mtoto aliumwa siku mbili kabla, na hajatuma kitu. Mmoja alikuja, akala, akalala, sasa anasema nikate kwenye mchango niliomwahidi kwenye harusi yake 2022 nikashindwa kuumaliza. Mimi hela yenyewe nilikopa kikoba. Jana nikaweka majina na kiasi kwenye grupu, chini nikaandika "tumeni na ya kutolea". Grupu limewaka moto. Nimekosea wapi?

Jirani Mwema: Majina. Hapo tu. Mdeni anafuatwa pembeni dada yangu, hata baba zetu walidaiana hivyo.

Bint Pangani: Mimi majina sina shida nayo, anayedaiwa atajwe. Kilichonichoma ni hiyo "ya kutolea". Mtu anakupa laki tatu nzima halafu umbebeshe na makato ya wakala? Hii ni tabia ya kina dada wa vikoba, mmezoea kukamuana riba mpaka urafiki mnaupigia hesabu.

Mweka Hazina Mstaafu: Nimekaa kamati za harusi miaka mingi, nisikilizeni. Swali la kwanza si la kutolea. Swali ni kama ilisemwa *kabla* ya kulipia nyumba kwamba bibi harusi halipi. Kama ilisemwa kabla, yule wa 262,500 ana deni la 37,500. Kama ilisemwa baadaye, hana deni.

Mama Vifaranga: Bint Pangani, rudi hapa. Kina dada wa vikoba wamekukosea nini? Mimi banda langu la kuku limejengwa na kikoba, mtoto wangu amemaliza kidato cha nne kwa kikoba. Unajua sanduku letu likoje? Kufuli tatu, funguo wanakaa nazo watu watatu tofauti, hela inahesabiwa mbele ya wote kila Jumapili. Marejesho ni noti mezani. Kwa hiyo huyu dada akitumiwa 300,000 kwenye simu lazima aende kwa wakala, na pale kwa wakala anakatwa. Sasa akatwe yeye, aliyewalipia?

Bint Pangani: Shangazi, sijatukana kikoba. Nimesema riba.

Mama Vifaranga: Riba hiyo mwisho wa mwaka tunagawana wenyewe. Nitajie benki inayokugawia.

Mchana Kweupe: Kutolea ni haki ya mpokeaji. Shida iliongezeka na tozo ya miamala ya simu ya Julai 2021, watu tukajifunza kuhesabu mpaka senti. Hata walipoipunguza kwa asilimia 30 Septemba ile, tabia ilishabaki. Kabla ya hapo mtu alikutumia elfu hamsini, ukashukuru, basi.

Jirani Mwema: Si kweli. "Weka na ya kutolea" ilikuwepo kabla ya tozo. Mimi nilikuwa chuo, kila nikimwomba baba hela namkumbusha, na tozo haijazaliwa.

Mchana Kweupe: Ulikuwa unamwomba baba. Baba na shoga ni watu wawili.

Mama wa Kisauni: Huku Mombasa pia twasema "tuma na ya kutoa", msidhani ni yenu peke yenu. Lakini husemwa wakati wa kuomba, haisemwi wakati wa kudai. Kwenye deni mtu hulipa alichokubali. Mkitaka ya kutoa ingieni nayo tangu mwanzo, iandikwe pamoja na keki.

Mama Wawili: Jamani naomba turudi. Ya kutolea naifuta, nitakatwa mimi. Nataka kujua kuhusu wale wawili, wa mtoto na wa mchango.

Mzee wa kamati, nakujibu: ilisemwa kabla. Nilisema kwa sauti, ujumbe wa sauti wa dakika mbili. Yeye anasema hakuusikiliza, alibonyeza dole gumba tu.

Karani wa Mwanzo: Dole gumba baada ya kiasi kutajwa ni kukubali. Sheria ya Mikataba, Sura ya 345, haidai kila mapatano yawe ya maandishi, hata ya mdomo yanatambulika. Na tangu Sheria ya Miamala ya Kielektroniki ya 2015, meseji za simu hupokelewa kama ushahidi. Deni la mkataba lina miaka sita kabla halijafungwa na muda. Tunza hizo meseji, dada.

Jirani Mwema: Yaani umpeleke shoga yako mahakamani kwa laki tatu, na wiki ijayo mshike pamoja gauni la bibi harusi?

Karani wa Mwanzo: Sijasema ampeleke. Nimesema atunze meseji. Soma kwanza ndugu yangu, ndipo ukasirike.

Jirani Mwema: Nimesoma. Watu wa mahakama ndivyo mnavyoanza, "tunza meseji", mwisho mtu ana samansi mlangoni.

Mweka Hazina Mstaafu: Huyo wa kukata mchango wa 2022 amenikera kuliko wote. Ahadi ya mchango si deni la safari. Kwenye kamati tunajua kabisa, unaandika ahadi 200,000, unapunguza kadri unavyoweza, harusi ikipita daftari linafungwa. Hakuna anayefufua daftari la harusi iliyopita. Angekuwa nalo rohoni, angesema kabla hajapanda boti.

Bint Pangani: Baba, hapo nakupinga. Ahadi ni deni, tumeimba hivyo tangu shule. Nilipoolewa watu wa ahadi waliniacha na mapambo hayajalipwa, nikalipa mwenyewe kwa mshahara wangu wa miezi miwili. Mpambaji alinifuata kwa mume wangu, wiki ya pili ya ndoa, na daftari mkononi. Kwa hiyo huyo dada wa 2022 simlaumu. Anaumia.

Mama Vifaranga: Kumbe ndiyo maana.

Bint Pangani: Kumbe nini?

Mama Vifaranga: Hasira yako si ya kutolea, mwanangu. Pole sana. Hayo mapambo yalikuwa mazito.

Sauti ya Kimya: Sijawahi kuandika hapa. Mimi ndiye sikwenda. Nimeijua hesabu, nimeijua na Mnemba. Mtoto alilazwa usiku wa Jumanne, homa, pumzi juu juu. Nilimwandikia mratibu nikiwa wodini, akajibu "pole mama, usijali". Usijali. Mimi nilielewa nimesamehewa. Jana naona jina langu la pili kwenye orodha, chini yake 300,000 na ya kutolea. Sikula.

Mama Wawili: Mama, nilisema usijali kuhusu kuja. Sikufikiria hela wakati ule, nilimfikiria mtoto. Haki ya Mungu.

Sauti ya Kimya: Ungeniuliza tu pembeni.

Jirani Mwema: Nilisema. Majina.

Mama wa Kisauni: Mtoto yuaje sasa?

Sauti ya Kimya: Amerudi nyumbani, anacheza. Asante kwa kuuliza, wewe ndiye wa kwanza.

Mweka Hazina Mstaafu: Basi niseme mimi niliye mzee humu. Chakula, keki na boti ya Mnemba usimdai, hakuvila wala hakuipanda. Nyumba na gari vilishalipiwa kwa idadi, hiyo 1,500,000 kwa saba ni kama 214,000. Mpe miezi mitatu alipe kidogo kidogo, na kila kitu kiwe kwenye simu yake, kwenye grupu kisitokee tena.

Mchana Kweupe: Na ya kutolea?

Mama Vifaranga: Wewe!

Karani wa Mwanzo: Bibi harusi mwenyewe analijua hili?

Mama Wawili: Hajui. Yumo kwenye lile grupu la sare tu, hili hayumo. Leo mchana tulikuwa kwa fundi wote saba kupimwa. Mama wa mtoto alikaa benchi moja na mimi, fundi akaniita nimshikie utepe kiunoni. Nikamshikia. Hakuna aliyesema neno. Nikitoka hapa nampigia.