Kipimo cha damu cha DNA: kila mjamzito apimwe, au aulizwe kwanza?

Mwanzisha Mada
Wakuu, naomba tulijadili hili kwa utulivu. Mwaka 1997 mwanasayansi Dennis Lo na wenzake walionyesha kwamba vipande vya DNA ya mtoto aliye tumboni huelea kwenye damu ya mama. Tangu 2011 kuna kipimo kinachotumia ugunduzi huo. Kuanzia wiki ya 10 mama anatolewa damu mkononi tu, na maabara inaangalia dalili za kromosomu (nyuzi zinazobeba vinasaba) iliyozidi, hasa ile ya 21 inayoleta hali ya Down, ambayo mtoto huchelewa kukua na kujifunza. Naona kiingizwe kwenye vipimo vya kawaida vya kliniki pamoja na presha, mkojo na wingi wa damu. Kila mjamzito apimwe, hakuna haja ya kumuuliza. Mama atajiandaa mapema, na familia itaepushwa mzigo wa maisha yote.

Mama Mlezi
Nimefika kwenye neno "mzigo" nikashindwa kuendelea. Mwanangu ana miaka 14 na ana Down. Anavaa mwenyewe, anasoma taratibu, na mimi nikiumwa ndiye anayekuja kukaa kando ya kitanda bila kuitwa. Mada yote umeipamba kwa sayansi, na yeye umemtengea neno moja tu, neno lenyewe ndilo hilo.

Mwanzisha Mada
Mama, sijamtukana mtoto wako. Nimezungumzia malezi. Karibu nusu ya watoto wenye Down huzaliwa na hitilafu ya moyo. Kuna upasuaji, kuna kulazwa, kuna mzazi kuacha kazi. Nikiita hayo mzigo nimekosea wapi?

Mama Mlezi
Wangu alizaliwa na tundu kwenye moyo, hunifundishi. Tundu lilizibwa. Maneno ya watu ndiyo ambayo hakuna daktari wa kuyaziba.

Mgeni wa Usiku
Tuseme kweli jamani. Namfahamu kijana mwenye mtindio wa ubongo, wazazi wake wamezeeka kabla ya wakati. Kama kipimo kingekuwepo wakati ule, wangekuwa na nafasi ya kuamua.

Mkunga Mstaafu
Mgeni, umechanganya mambo mawili. Mtindio wa ubongo si Down. Huo hutokana na ubongo kuumia au kutokua vizuri, mara nyingi kabla ya kuzaliwa, wakati mwingine mtoto anapozaliwa au baadaye kidogo. Kipimo hiki hakiuoni. Wazazi hao wangepimwa, wangeambiwa "hatari ni ndogo", na kijana angezaliwa vilevile alivyo. Nasema hivi kwa sababu nimeona wengi wakidhani karatasi moja safi maana yake ni mtoto asiye na tatizo lolote. Mgongo wazi, kwa mfano, hugunduliwa kwa ultrasaundi, si kwa DNA hii.

Fundi Maabara
Naomba niweke hesabu, maana bila hesabu tutagombana bure. Mama wa miaka 25 ana uwezekano wa takriban 1 kati ya 1,250 wa kuzaa mtoto mwenye Down. Tuchukue akina mama 10,000 wa umri huo: wenye mtoto wa Down ni kama 8. Tuseme kipimo kinamtia hofu kimakosa mama mmoja tu kati ya 1,000. Hao ni 10. Kwa hiyo kati ya karatasi 18 zilizoandikwa "hatari kubwa", zaidi ya nusu zimekosea! Sasa chukua akina mama 10,000 wa miaka 40, ambako uwezekano ni karibu 1 kati ya 100: wa kweli ni kama 100, wa makosa ni 10 walewale. Kipimo hakijabadilika, aliyebadilika ni mama aliyeketi mbele yako. Ndiyo maana hiki ni kipimo cha kuchuja. Jibu la uhakika linatoka kwenye maji ya uzazi, kuanzia wiki ya 15, au kipande kidogo cha kondo la nyuma, mapema kidogo ya hapo.

Mgeni wa Usiku
Kwa hiyo maabara zinabahatisha na watu wanalipa?

Fundi Maabara
Hapana! Soma tena. Kwa Down ndicho kichujio bora kuliko vyote vya damu vilivyokitangulia. Kuchuja si kubahatisha, na si kuhukumu.

Baba wa Wawili
Mimi nimekuwa msomaji tu lakini "hakuna haja ya kumuuliza" imenichoma. Mke wangu alitolewa damu pamoja na vipimo vingine, hakuelezwa ni cha nini. Siku kumi baadaye akapigiwa simu akiwa kazini: "Majibu yako si mazuri, njoo na mumeo." Hakuambiwa zaidi. Alirudi nyumbani kwa miguu, hakumbuki alipitia njia gani. Wiki nne nzima hakuligusa tumbo lake. Tulipofanyiwa kipimo cha maji ya uzazi, kromosomu zilikuwa 46, hakuna iliyozidi. Hapo ndipo tulipoelezwa kwamba DNA inayopimwa kwenye damu hutoka kwenye kondo, na kuna wakati kondo lina hitilafu ambayo mtoto hana. Kwa nini hili lisisemwe siku ya kwanza? Ndugu zangu wawili walikuwa wameshatushauri tuitoe ile mimba. Leo anakimbia hapa uani.

Mwanzisha Mada
Pole sana ndugu. Lakini hilo ni kosa la aliyetoa majibu, si la kipimo.

Baba wa Wawili
Ni kosa la mtu anayefikiri kama ulivyoandika: pima tu, hakuna haja ya kuuliza.

Mpita Njia
Mnahangaika na mimba iliyokwisha ingia. Wapimeni wachumba. Kisiwa cha Cyprus walikuwa wanaelemewa na thalasemia, ugonjwa wa damu wa kurithi. Tangu miaka ya 1980 kanisa lao likadai cheti cha kipimo kabla ya ndoa, na watoto wanaozaliwa na ule ugonjwa mzito wakawa wachache mno. Selimundu nayo ifanyiwe vivyo hivyo. Wenye AS, yaani waliobeba kinasaba kimoja cha selimundu bila kuugua, wote wawili wasioane, kwisha.

Damu Mundu
Mimi ni SS, naugua selimundu yenyewe. Nina miaka 31, nina kazi, nina mke. Umeandika "kwisha" kwa wepesi sana. Wazazi wangu wasingeoana, mimi nisingekuwepo kukujibu. Na Cyprus hawakukatazwa kuoana; walitakiwa kujua hali zao, na wengi walioana hivyohivyo, kisha wakapima mimba.

Mpita Njia
Maumivu unayoyapata, ungependa mwanao ayapate?

Damu Mundu
Hapana. Kwa hiyo tulipima mke wangu, ni AA, hana kinasaba hicho, watoto wetu wote watakuwa AS. Nilijua, nikaamua mimi. Usinifanye hoja ya kukataza ndoa za watu.

Mkunga Mstaafu
Niongeze kwa wanaosoma kimya: AS na AS, uwezekano ni 1 kati ya 4 kwa *kila* mimba. Si kwamba akishazaliwa mmoja mgonjwa, watatu wanaofuata wamesalimika. Nimewazalisha akina mama walioamini hivyo.

Mwanzisha Mada
Sawa, neno "hakuna haja ya kumuuliza" naliondoa. Aulizwe, aelezwe, na akikataa aachwe. Lakini kipimo chenyewe kiwepo kwa kila anayekitaka. Mama Mlezi, wewe ungekataa?

Mama Mlezi
Ningepima. Naona hukutegemea. Ningepima ili nijue kuhusu moyo wake, nijifungulie mahali penye daktari wa moyo wa watoto, badala ya kuhangaika naye akiwa na siku tatu, midomo imegeuka bluu. Mtoto ningezaa yuleyule. Na "mzigo" bado hujaliondoa.

Mwezi wa Nne
Samahani kuwakatiza. Nina miaka 26, mimba ya wiki 12. Jana nimepewa karatasi ya kipimo hiki, imeandikwa hatari kubwa, kromosomu ya 21. Nimesoma hesabu ya Fundi mara tatu. Sijamwambia mtu nyumbani. Nianzie wapi?

Fundi Maabara
Dada, karatasi hiyo peke yake isikufanye uamue chochote. Omba ultrasaundi ya kina na mtaalamu wa ushauri wa vinasaba. Muulize kuhusu maji ya uzazi. Una wiki tatu kufikia ya 15. Hatari ya kuharibika mimba kwa sindano ya kuyatoa maji hayo ni chini ya 1 kati ya 100 ikiwa mikononi mwa mzoefu, na uulize daktari wako amefanya ngapi.

Baba wa Wawili
Na usisubiri peke yako. Mwambie mtu mmoja leo.

Mama Mlezi
Mdogo wangu, niandikie pembeni. Sitakwambia ufanye nini. Nitakujibu kila utakaloniuliza kuhusu mwanangu, mazuri na magumu, hata saa nane za usiku.