Naomba ushauri: sauti za kuzunguka kwenye vichekesho vya familia

Hamjambo mafundi wa sauti, na shikamooni wakubwa.

Nachanganya sauti za kipindi cha vichekesho vya familia, tulichorekodi Mji wa Kale hapa Mombasa. Mchanganyiko ni wa 5.1 (spika tano zinazomzunguka mtazamaji, na moja ya besi): mazungumzo yako spika ya katikati, na zile mbili za nyuma zimebeba mtaa, yaani kunguru, tuktuk, na muuza kahawa anayegonganisha vikombe. Kwenye utani inapendeza mno, mtazamaji ni kama kakaa barazani nao.

Kinachonishinda ni onyesho moja. Bibi anamtania mjukuu, wote wanacheka, kisha kijana anasema amepata kazi Doha. Hapo nataka kicheko kimkwame mtu kooni. Nilizima sauti za nyuma ghafla, ikawa kama spika zimeharibika. Nikaweka muziki, nao ukawa unamlazimisha mtu alie (siupendi kabisa mtindo huo). Afadhali kushusha mtaa polepole, nikiacha vikombe tu kwa mbali.

Halafu wengi watatazama kwa spika mbili za televisheni. Nikikunja 5.1 kuwa stereo, mtaa unahamia mbele na kumeza maneno ya bibi, ambaye hapo ananong'ona. Kupunguza za nyuma desibeli 3 hakujatosha.

Je, mtaa uanze kushuka kabla kijana hajasema, au baada ya bibi kunyamaza? Na stereo mnaichanganya upya, au mnaikunja tu kutoka 5.1?

Ahsanteni.