Grupu: Ukoo wa Babu (usitoke bila kuaga)

Rehema: Jamani mbwa wetu Bosi kapimwa, ana minyoo. Dawa kashameza ila haisaidii kitu kama analalia blanketi lile lile, kwa hiyo Jumamosi saa 2 asubuhi tunasafisha vitu vyake VYOTE. Nani anakuja

Rehema: Tiki za bluu naziona

Rehema: ??

Juma: Kapimwa Bosi au kaka Hamisi 😂

Hamisi: Mi nilimeza zangu mwaka jana bwana

Pili: 😂😂😂

Rehema: Nimeuliza nani anakuja.

Mwanaidi: Da Rehema si umwage jiki banda zima yaishe

Rehema: Ndo tulichofanya mara ya kwanza na yamerudi. Daktari wa mifugo kasema mayai ya ile minyoo mirefu yana ganda gumu, jiki haiyaui, inayabandua tu uyasuuze, kwenye udongo yanakaa miaka. Dawa yake maji yanayochemka. Na unaanza kukwangua uchafu, unasugua na sabuni, maana jiki juu ya kinyesi ni kazi bure. Bakuli zimwagieni maji ya moto, blanketi lichemshwe, kola na kamba pia, vyote juani vikauke kabisa, vijidudu vya kuharisha vinapenda majimaji. Ule mpira uliotafunwa tupa, mipasuko ile hata msugue vipi hamfiki

Juma: Mpira wangu huo msiguse

Pili: Mi nachanganyaga jiki na siki inang'arisha

Rehema: PILI ACHA inatoa hewa ya sumu!!

Rehema: Na kinyesi kiokotwe kila siku, yale mayai yakitoka yanahitaji wiki 2 mpaka 4 ndo yaweze kuambukiza. Minyoo ya safura ndo ina haraka, wiki moja tu vibuu viko tayari na vinapenya unyayo

Hamisi: Na viroboto

Rehema: Haswaa, wanabeba tegu, mbwa akijing'ata akammeza mmoja keshampata. Mwanaidi njoo na karai la mama

Mwanaidi: Karai gani

Rehema: Unalijua. Tangu harusi ya Pili

Mwanaidi: Aaah tumeanza. Na godoro langu nani alilirudisha?

Pili: Mi msinitaje

Juma: 🍿

Rehema: Godoro lilikuwa limechanika kabla halijafika kwangu na mama alikuwepo, muulizeni

Babu: Nimeyasoma yote. Mtoto anatambaa pale pale anapolala yule mbwa, na mkono unakwenda mdomoni. Mimi namwona kila siku. Nyinyi mnagombania karai.

*(dakika 40)*

Hamisi: Shikamoo babu

Pili: Shikamoo babu

Mwanaidi: Shikamoo babu. Karai ntaleta nikilipata

Babu: Marahaba. Watoto wasiende huko pekupeku.

Rehema: Asante babu. Haya Hamisi unachemsha maji, Pili mabakuli, Juma unakwangua banda

Hamisi: Nakuja ila saa 4

Pili: Ntaangalia

Rehema: Kuangalia nini tena Pili

Rehema: Juma?

*(asubuhi)*

Mjomba Salim: Poleni wanangu ndo nafungua simu sasa hivi, kumbe Bosi kafa??

Rehema: Mjomba soma juu

Juma: Glovu zipo? Bila glovu sikwangui

Mjomba Salim: Nimesoma. Jumamosi hii au ijayo