Chumvi na sukari moli sawa, mbona presha ya mvuke inatofautiana?

pcb_tanga: Wakuu habari za jioni, niko fom six nimekwama kwenye hesabu za presha ya mvuke, yaani msukumo wa mvuke unaotoka kwenye maji. Swali la kwanza sukari gramu 68.4 kwenye maji gramu 180, nyuzi 25, maji matupu presha yake 23.76 mmHg, hilo nimelipiga fresh tu, sukari moli (kipimo cha kuhesabia chembe) 0.2, maji moli 10, jibu 23.29. Swali la pili wameweka chumvi ya mezani gramu 11.7 kwenye maji kiasi kilekile, nagawanya kwa 58.5 napata 0.2 tena, si jibu lingekuwa lilelile? Kitabu kinasema 22.85. Kimekosewa au?

dada_maabara: Kitabu kiko sawa mdogo wangu. Sheria ya Raoult, ile ya kuchukua moli za maji gawanya kwa moli zote halafu zidisha presha ya maji matupu, haijali umeyeyusha nini, inahesabu chembe. Sukari ikiingia kwenye maji molekuli inabaki nzima, ila chumvi inaachana, sodiamu kivyake kloridi kivyake, kwa hiyo 0.2 yako imeshakuwa 0.4 na moli zote humo ndani ni 10.4. 10 gawanya kwa 10.4 ni 0.9615, zidisha 23.76 unapata hiyo 22.85. Wakikuletea kalsiamu kloridi zidisha kwa tatu, maana yenyewe inaachana chembe tatu.

mzee_wa_moli: Naongezea kidogo, kuna mtego hapo wa kukokotoa presha IMESHUKA kiasi gani. Unachukua moli za ulichoyeyusha unagawanya kwa moli ZOTE, watu wengi wanagawanya kwa moli za maji peke yake. Kwenye sukari yako ungepata imeshuka 0.475 badala ya 0.466, tofauti kiduchu hata hushtuki, lakini ngoja wageuze swali wakupe presha utafute uzito wa moli moja, sukari inakutokea 349 wakati ni 342, maksi zimeenda.

pcb_tanga: Daah asanteni sana. Sasa dada nikijaza chumvi mpaka igome kuyeyuka fomula si inaendelea tu?

dada_maabara: Hapo inaanza kudanganya. Maji gramu 100 kwa nyuzi 25 yanameza chumvi kama gramu 36 hivi, piga mwenyewe na ile ya kuzidisha kwa mbili, utaona presha inabaki kama asilimia 82 ya maji matupu. Ukipima kweli ni 75 tu. Chembe zenye chaji zikishakuwa nyingi zinayashika maji kuliko fomula inavyojua, Raoult, mkemia wa kule Grenoble Ufaransa miaka ya 1880, sheria yake inakaa vizuri kwenye miyeyusho myepesi. Na hiyo 75 unaiona hapohapo Tanga, maana unyevu wa hewa nao ni presha ya mvuke ulioko hewani ukilinganisha na ya maji matupu, ukipita asilimia 75 chumvi inaanza kuvuta maji ya hewani yenyewe, ndo maana masika kikopo cha chumvi kinalowa chapachapa na sukari iko pembeni bado kavu, yenyewe mpaka hewa ifike karibu 85.

pcb_tanga: Kumbe!! Mama huwa anatia punje za mchele kwenye chumvi, sikuwahi kujiuliza

mzee_wa_moli: Hayo ya 75 usiyapeleke kwenye mtihani lakini, wakisema chumvi we zidisha kwa mbili songa mbele, labda wakupe wenyewe kiwango cha kuachana.