Mrejesho: simu na skrini ya gari zimeelewana bila waya

Wakuu, niliuliza kwa nini simu inashika Bluetooth ya gari, napiga na kupokea vizuri, ila ramani ya Android Auto (mfumo wa Google unaoleta programu za simu kwenye skrini ya gari) haiji bila waya. Imekubali. Aliyesema niangalie Wi-Fi ndiye aliyelenga: Bluetooth inafungua mlango tu, ramani na muziki vinapita kwenye Wi-Fi ya gari. Toleo la Android la simu halikuwa tatizo, Android Auto ya bila waya kwa simu nyingi inataka Android 11 kwenda juu, yangu 13. VPN ya kwenye simu (programu inayopitisha intaneti kwenye njia yake ya siri) ndiyo iliyoziba njia. Nimeizima, nikafuta gari kwenye simu na simu kwenye gari, nikaunganisha upya. Ramani ikatokea kabla sijafunga mkanda. Ila simu inachemka balaa! Safari ndefu bado natumia waya.