Al Hodge wa Captain Video: alitokea wapi, na mbona baada ya 1955 hasikiki?

MwanjelwaSinema: Wakuu, poleni na baridi. Banda letu la video hapa Mwanjelwa huwa linatenga jioni moja kwa vitu vya zamani, na zamu hii ni Captain Video, kile kipindi cha televisheni cha Marekani kuhusu shujaa wa angani. Nataka kumtambulisha Al Hodge kwa watazamaji, ila naona habari zake ni chache. Pili, faili nililonalo lina nyuso zilizotanuka na sauti nyembamba. Tatizo ni nini?

RedioYaMbao (Iringa): Mkuu, Hodge ni mtu wa redio kwanza. Alizaliwa Ravenna, Ohio, 1912, na kuanzia 1936 hadi 1943 ndiye aliyekuwa sauti ya shujaa wa mchezo wa redio wa Green Hornet kwenye stesheni ya WXYZ, Detroit. Captain Video ilianza Juni 1949 kwenye mtandao wa televisheni wa DuMont, mwigizaji akiwa Richard Coogan. Ilipofika 1951 nafasi hiyo ilikuwa ya Hodge, akaishika mpaka kipindi kilipofungwa Aprili 1, 1955.

Kazi yenyewe ilikuwa ngumu: nusu saa mubashara, karibu kila jioni, hakuna kurudia. Fungu la vifaa linalotajwa ni dola 25 kwa wiki, ndiyo maana mitambo ya angani inaonekana imeokotwa stoo. Hapo sauti ya redio ndiyo iliyombeba. Anatamka mambo ya ajabu kwa uzito hadi unayakubali.

Wengi husema alikwama kwenye sura ya Captain Video. Ni kweli, ila ni nusu ya maelezo. Mlinganishe na Clayton Moore wa Lone Ranger, kipindi cha cowboy: kazi yake ilipigwa kwenye filamu, ikarudiwa miaka na miaka. Ya Hodge iliishia hewani, na DuMont yenyewe ikafa 1956. Rekodi zake nyingi zilitupwa. Mwaka 1996 mwigizaji Edie Adams alieleza kwenye kikao cha Maktaba ya Bunge la Marekani kwamba zilimwagwa majini New York miaka ya 1970. Hodge alifariki 1979 akiwa hana kitu.

FundiPicha_Mafinga: Hizo rekodi ni kineskopu, yaani kamera ya filamu imeelekezwa kwenye kioo cha televisheni. Ukungu na weupe unaovuja kwenye nyuso ni vya asili, usihangaike navyo.

Nyuso kutanuka ni runinga yako: weka 4:3, nafasi nyeusi pembeni ziache. Zima pia kile kilainisha mwendo.

Sauti nyembamba: angalia kasi ya faili. Kama ni fremu 25 kwa sekunde, filamu ya fremu 24 imeharakishwa kama asilimia 4, na dakika 30 zimekuwa 28 na sekunde 48. Kwenye programu ya VLC cheza kwa 0.96, lakini kwanza zima unyooshaji wa sauti (time-stretching audio) kwenye mipangilio, la sivyo mwendo utapungua na sauti itabaki nyembamba vilevile.

DadaTukuyu: Kaka, kagua pia kama ni Hodge kweli, maana vipindi vya Coogan navyo vinazunguka. Msikilize Video Ranger, kijana msaidizi wake, akimwita, ili umjue Captain ni yupi, kisha fananisha sura yake na picha ya Hodge na ya Coogan. Na katikati zikitokea farasi na bastola, faili halijaharibika. Walikuwa wanapachika vipande vya sinema za zamani za cowboy ili kujaza muda. Mwambie DJ anayetafsiri aliseme hilo mapema, watu watadai hela zao.

MwanjelwaSinema: Ni fremu 25 kweli, dada na kaka. 4:3 imekaa. Naenda kwenye hiyo 0.96.