Naomba ushauri: Chichén Itzá na kuogelea kwenye cenote kwa siku moja, watu wanne, dola 60 kila mtu

Nuru_H:
Wakuu, habari za jioni. Desemba hii mimi na familia tutakuwa Cancún, Meksiko, siku moja tu. Tunataka kuona magofu ya Wamaya pale Chichén Itzá, halafu tuogelee kwenye cenote, vile visima vya asili vyenye maji ya buluu. Tupo wanne. Bajeti ni dola 60 kwa kichwa, humo humo nauli, kiingilio, chakula na kiongozi. Nimeona matangazo ya dola 45 hadi 50 yanayoongeza na mji wa Valladolid. Je, bei hizo ni za kweli? Wageni hunaswa wapi? Nijibuni mapema, muda unakwenda na sipati usingizi.

FundiRamani:
Bei ni ya kweli, ila soma maandishi madogo. Mara nyingi ile dola 45 ni basi, kiongozi na chakula cha mchana bila kinywaji. Kiingilio hakimo. Chichén Itzá mgeni analipa tiketi mbili, moja ya taasisi ya taifa ya mambo ya kale, INAH, na nyingine ya jimbo la Yucatán, na zote pamoja zinapita peso 600. Kampuni za bei chee hukusanya hizo fedha ndani ya basi asubuhi, kwa jina la "kodi", na kwa dola kwa kiwango chao wenyewe. Kabla ya kulipa, waandikie swali moja: tiketi zote mbili zimo? Wakijibu kwa kuzunguka, jua hazimo.

Jambo la pili ni saa. Mabasi hayo hupitia hoteli nyingi kuchukua watu, kisha husimama kwenye duka la vinyago karibu saa nzima. Mnafika kwenye magofu saa 6 mchana, jua la utosi, na uwanja wa katikati hauna kivuli. Lango hufunguliwa saa 2 asubuhi, na anayefika saa hiyo anaona mahali tofauti kabisa.

BintiMwambao:
Dada, mimi niseme la maji kwa sababu watu hulipuuza. Kabla ya kuingia cenote unaoga kwenye bomba la nje, na mafuta ya kukinga jua hayaruhusiwi, hata yale yaliyoandikwa kwamba hayadhuru viumbe. Maji yale hayaendi popote haraka. Yanapita chini kwa chini mpaka visima vya vijiji. Vaa fulana ya mikono mirefu badala ya kujipaka. Maji yana nyuzi kama 24 au 25, mtoto mwembamba atatetemeka baada ya nusu saa, kwa hiyo beba taulo, maana hawatoi. Kwenye Ik Kil, cenote iliyo kilometa 3 tu kutoka Chichén Itzá, jaketi okozi ni lazima kwa kila mtu, hata bingwa wa kuogelea, kwa sababu hakuna ukingo wa kukanyaga. Ukitoka ngazini ni kina moja kwa moja, zaidi ya meta 40.

Jambiani_Mchanga:
Watu wa Zanzibar wataelewa haraka: ni kama pango la Kuza pale Jambiani, ila kwa ukubwa wa nchi nzima. Rasi ya Yucatán ni bamba la mawe ya chokaa na karibu haina mito ya juu. Mvua inazama, maji yanamumunya mwamba, pango linapanuka, paa linashindwa kubeba uzito, linaporomoka. Hapo ndipo kisima kinapata mdomo. Neno lenyewe ni la Kimaya, ts'ono'ot, Wahispania wakalitamka cenote. Upande wa kaskazini magharibi visima vimejipanga kama upinde, kufuata ukingo wa shimo la Chicxulub lililochimbwa na kimondo miaka milioni 66 iliyopita. Na msichanganye: kisima kikubwa kilicho ndani ya Chichén Itzá hakiogelewi. Wamaya walitupa humo sadaka, na watu pia.

Nuru_H:
Nashukuru sana. Sasa kuna wakala mmoja nimempata kupitia WhatsApp, anasema dola 58 kila kitu ndani, gari letu wenyewe, cenote ya Ik Kil imo. Ila mama yangu ana miaka 67 na magoti yanamsumbua. Ik Kil ina ngazi nyingi?

BintiMwambao:
Zipo nyingi, zimechongwa kwenye mwamba, na za chini zinalowa. Maji yapo karibu meta 26 chini ya ardhi. Kushuka atashuka, kupanda ndiko kutamtesa. Anaweza kukaa juu ukingoni, pana mahali pa kutazamia.

FundiRamani:
Nuru, unalala hoteli ipi, Cancún mjini au ufukweni? Gari linawachukua saa ngapi? Bila hilo hakuna hesabu.

Nuru_H:
Watatupokea gatini.

FundiRamani:
Gati gani? Cancún haina gati la meli za utalii.

Nuru_H:
Sawa, niseme. Tunasafiri kwa meli ya utalii kutoka Galveston, Marekani. Inatia nanga kisiwa cha Cozumel saa 2 asubuhi, inaondoka saa 11 jioni, abiria wote wawe ndani saa 10 na nusu. Sikutaja kwa sababu niliogopa mtaniambia haiwezekani kabla hamjasikia mpango. Wakala amesema inawezekana, na kwamba tukivuka kwenda Yucatán tunapata saa moja ya bure. Nimeshatanguliza dola 80. Mama ameisubiri Chichén Itzá miaka mingi, nimemwahidi. Kwa hiyo nisaidieni kufanikisha, si kuvunja.

FundiRamani:
Haya, tuhesabu kwa saa za Cozumel. Kushuka melini ni saa 2:30 kama hampo nyuma ya foleni. Magati makubwa yapo kusini, kwa hiyo teksi hadi gati la boti za kuvukia, mjini San Miguel. Mkiiwahi boti ya saa 3, mpo Playa del Carmen, upande wa bara, saa 3:45. Gari linaondoka saa 4. Mpaka Chichén Itzá ni kama kilometa 180, saa mbili na robo kwa barabara ya kulipia. Mnafika saa 6:15 mchana. Tembeeni saa mbili tu, bila kuogelea, bila kula: saa 8:15. Kurudi Playa: saa 10:30. Hiyo ni saa yenu ya kuwa ndani ya meli, na ninyi bado mpo ng'ambo ya maji, boti hamjaipanda.

Ile "saa moja ya bure" ndiyo imeniudhi. Jimbo la Quintana Roo, zilipo Cancún na Cozumel, lilihamisha saa zake mwaka 2015, kwa hiyo lipo mbele ya Yucatán kwa saa moja. Saa iliyo ukutani pale Chichén Itzá itasoma 5:15 mkifika. Mkirudi, saa hiyo inachukuliwa tena yote. Anayekuuzia kama faida ama hajui kazi yake ama anajua sana.

Mzee_Kibarazani:
Mwanangu, ahadi kwa mzazi ni jambo jema. Lakini mama mwenye magoti mabovu kukimbizwa boti, gari, boti, halafu asimame gatini akiangalia meli inaondoka na dawa zake ziko chumbani, hiyo si heshima. Mwambie ukweli sasa, atakuelewa.

Kasuku_wa_Pwani:
Mimi naona tunachezewa. Kwanza ilikuwa "tutakuwa Cancún". Halafu akatokea mama. Halafu meli. Halafu dola 80. Mtu gani analipa likizo ya meli ya watu wanne asijue meli yake inafika mji gani? Huyu ni wakala mwenyewe. Anapima bei ya dola 58 ili kesho aweke namba ya simu hapa. Wasimamizi, angalieni uzi huu.

Jambiani_Mchanga:
Hata mimi ile ya Cancún ilinishtua. Lakini wakala asingeleta mpango unaomwangukia mwenyewe mbele ya watu.

Kasuku_wa_Pwani:
Basi ataje ratiba yote ya meli, siku kwa siku. Mtu wa kweli anayo kwenye karatasi.

Nuru_H:
Sijatunga. Niliandika Cancún kwa sababu ndilo jina linalojulikana, na matangazo yote yanaandika "kutoka Cancún". Ratiba hii hapa: siku ya 1 Galveston, ya 2 baharini, ya 3 Cozumel, ya 4 Progreso saa 2 asubuhi hadi saa 11 jioni, ya 5 baharini, ya 6 kurudi. Progreso tulipanga kubaki melini, nimesoma kwamba ni mji mdogo wa wavuvi. Sote tuna grini kadi, hivyo viza ya Meksiko hatuhitaji. Umeridhika?

FundiRamani:
Dada Nuru! Hilo la Progreso ndilo ulipaswa kuanza nalo.

Progreso ipo ndani ya Yucatán. Hakuna boti ya kuvuka. Kutoka hapo Mérida ni kilometa 36, na Mérida hadi Chichén Itzá kama 120. Ni saa mbili na ushee kwenda. Mkiondoka saa 2:30, saa 4:45 mpo langoni. Tembeeni mpaka saa 6:45. Mkirudi moja kwa moja mnafika gatini saa 9 alasiri, na mna saa moja na nusu ya akiba. Mkiongeza kuogelea, akiba inabaki nusu saa, na hiyo kwa gari binafsi ni kamari, tairi moja tu inaimaliza. Gati la Progreso lenyewe lina zaidi ya kilometa 6, huwezi kulikimbia kwa miguu, mnabebwa na basi la bandari.

Kwa hiyo kama ni lazima magofu na maji, siku ya Progreso nunueni safari inayouzwa na meli yenyewe. Itapita dola 60, siwezi kukudanganya. Unacholipia ni kwamba safari yao ikichelewa, meli inasubiri. Ya nje haisubiriwi.

Jambiani_Mchanga:
Na kama fedha haitoshi, magofu ya Dzibilchaltún yako nusu saa tu kutoka Progreso, upande wa kwenda Mérida. Teksi ya watu wanne, patana bei ya kwenda, kusubiri na kurudi kabla ya kupanda. Kuna Hekalu la Wanasesere Saba, limeitwa hivyo kwa sababu ya vinyago saba vya udongo vilivyofukuliwa ndani yake, na njia yake ni tambarare, magoti ya mama yatashukuru. Kisima cha Xlacah kimo humo humo, ila kuogelea kumesimamishwa miaka ya karibuni, kwa hiyo usiwaahidi watoto. Hata pale tiketi ni mbili.

BintiMwambao:
Siku ya Cozumel basi iwe ya maji. Vukeni hadi Playa asubuhi, pandeni vile vigari vya abiria wanavyoita colectivo, kama daladala zetu, vinavyokwenda Tulum. Mwambieni dereva "Cenote Azul". Anawashusha kando ya barabara kuu, chini ya nusu saa, nauli haifiki peso 100 kwa mtu. Iko wazi juu, ngazi ni chache, na ina vidimbwi vya kina cha kiunoni kwa asiyejua kuogelea. Saa 7 mchana muwe mmeshatoka, saa 8 kwenye boti. Msijaribu kuongeza magofu ya Tulum siku hiyo hiyo, pale sasa kuna tiketi tatu na foleni kila dirisha.

Nuru_H:
Na dola 80 zangu?

FundiRamani:
Mwandikie leo, mwombe ahamishie Progreso. Akikataa, ziache. Meli ikiwaacha, tiketi nne za ndege kutoka Cancún kurudi Houston ni ghali kuliko hizo mara nyingi.

Kasuku_wa_Pwani:
Nuru, niwie radhi. Swali langu la mwisho ni la kusaidia: ile saa 2 asubuhi ya Cozumel ni saa ya meli au ya kisiwani? Desemba Galveston na Progreso zinatumia saa ile ile, Cozumel iko mbele yao. Meli nyingine hubaki na saa ya nyumbani, na simu inajibadilisha yenyewe.

Nuru_H:
Karatasi haisemi. Napiga simu kesho asubuhi kuuliza. Mama nimeshamwambia, ameuliza tu kama Progreso kuna samaki wa kukaanga.

BintiMwambao:
Wapo, ufukweni pale pale. Bebeni peso taslimu, na ATM ikikuuliza kama ikubadilishie kwa dola, bonyeza hapana.